Mfupa Uliovaa Kanga Yangu

Wivu juu ya mume wangu ulinishika kabla hajanioa, na ulianza kwa kipande cha mfupa.

Siku hiyo nilikuwa nimekaa dukani kwa baba pale Omurushaka, Karagwe, napinda shuka za wateja kwa cherehani. Omurushaka ya wakati ule ilikuwa majengo machache ya udongo kando ya barabara: duka letu, duka la Mwarabu mmoja, ghala la kahawa, na uwanja wa vumbi ambapo malori yalisimama kupoza injini. Baba alikuwa mtu wa Pangani. Alikuja bara na mizigo ya nguo, akamwoa mama, Mnyambo wa Kiruruma, na habari za kurudi pwani zikaishia hapo. Kwa hiyo mimi nilikua na lugha mbili, Kiswahili cha dukani na Kinyambo cha jikoni kwa bibi.

Lori la machimbo ya bati ya Kyerwa lilisimama, akashuka kijana mrefu, kofia mkononi.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Karibu. Nikupe nini?"

"Naulizia gundi, mzee. Gundi nzuri, ya kuungia mfupa."

Baba alimtazama miguu, akamtazama mikono. "Umevunjika wapi?"

"Si mfupa wangu. Ni wa mnyama."

Akatoa mfukoni kopo la sigara, akafunua pamba iliyokuwa ndani. Kulikuwa na kipande cha rangi ya hudhurungi, kama kidole gumba kwa ukubwa, kimekatika katikati. Akaanza kueleza. Kwao, bara ya Lindi, kulikuwa na kilima ambacho Wazungu walichimba mifupa ya wanyama waliokufa zamani, kabla hajazaliwa mtu yeyote duniani. Wanyama wenyewe walikuwa mijusi, lakini mijusi ya kukanyaga nyumba ikalala. Siku hizi watoto wa shule wanawaita dinosaria. Yeye aliajiriwa kule akiwa kijana kubeba udongo, akafundishwa kuchokoa kwa kisu na brashi, akafundishwa kuvisha mfupa magunia na plasta usivunjike njiani, na mwisho akawa msimamizi wa shimo zima. Kambi ilipofungwa, mifupa ilipanda meli ikaenda Ulaya. Kipande kile kilikuwa kibanzi ambacho hakuna aliyekitaka.

Binti wa ami yangu alikuwa mgeni wetu siku zile. Alikuwa mzuri kuliko mimi, naye alilijua hilo. Akacheka: "Hilo si jiwe tu?"

"Weka ulimi," yule kijana akamwambia. "Jiwe halinati. Mfupa wa kale unanata."

Akaweka ulimi. Mfupa ukanata. Alipiga kelele na kuutoa, duka zima likacheka, hata baba. Kisha kijana akafunga kopo lake, akalipia gundi, akapanda lori. Mimi hakunipa nijaribu. Hata hakunitazama. Nilikanyaga cherehani kwa hasira mpaka uzi ukakatika, na shuka ile ya mteja ikatoka imepinda kama mkia.

Aliporudi tena, baba alikuwa ameenda msikitini.

"Nionyeshe lile jiwe," nikamwambia.

"Si jiwe."

"Basi nionyeshe hilo lisilo jiwe."

Aliniwekea kiganjani. Sikungoja kuambiwa, nikaliweka ulimini. Lilikuwa na ladha ya vumbi na tumbaku, na lilinata kweli. Sikupiga kelele. Nilikaa nalo hivyo hivyo, ulimi nje, nikimkazia macho, na yeye akanitazama kama mtu aliyeona bati likimeta mtoni. Mwaka haukuisha kabla hajaleta posa.

Katika vitu alivyoleta kulikuwa na doti moja ya kanga. Fikiria, mtu anampelekea kanga binti wa muuza nguo! Lakini alikuwa amezunguka maduka ya Bukoba mpaka akapata ambayo baba hakuwa nayo: nyekundu iliyoiva, pindo nyeusi, korosho nyeupe katikati. Baba aliipapasa, akakubali kwamba hajawahi kuiuza. Niliifunga siku ya harusi, na baada ya hapo nikawa naifunga siku za Idi na siku nilizotaka mume wangu anione.

Tulihamia Kyerwa, kwenye nyumba za wafanyakazi wa machimbo. Alikuwa nyapara, na Wazungu wa pale walimpenda kwa sababu alijua kusoma ardhi. Lakini bati kwake lilikuwa kazi tu. Moyo wake ulikuwa bado kule kilimani kwao. Alikuwa na karatasi alizochora mijusi ile kwa mkaa, mmoja mwenye shingo ndefu na miguu ya mbele iliyozidi ya nyuma, mwingine mfupi, mwenye miiba mgongoni mpaka mkiani. Nikiosha nguo, nalikuta kopo la sigara mfukoni. Nikitandika kitanda, nalikuta chini ya mto, upande wake.

Kisha zikaja Jumapili. Mwalimu mmoja wa shule ya misheni ya Kilutheri alisikia habari zake, akamwita aje aongee na watoto. Baada ya hapo mapadri nao wakamwita, wasipitwe. Halafu masoko, halafu mikutano ya kahawa. Nakumbuka mara ya kwanza niliyomfuata, Rugu, kwenye uwanja wa mpira wa shule. Alikuwa amesokota kamba za migomba siku nyingi, nami nilidhani anataka kuezeka banda. Kumbe alikwenda kuzitandaza uwanjani, akazipigilia vigingi, na polepole umbo la mnyama likatokea kwenye nyasi, mkia ukianzia golini na shingo ikitoka nje ya uwanja mpaka kwenye shamba la mwalimu. Akawapanga watoto juu ya kamba, wengine mkiani, wengine tumboni.

"Huyu akisimama," akasema, "kichwa chake kinachungulia juu ya paa la kanisa."

"Anakula nini?" akauliza mzee mmoja.

"Majani tu, mzee wangu. Nyama hali."

"Angekuja huku angemaliza ebitoke, ndizi zetu zote, asubuhi moja, ashushie na pombe ya rubisi!"

Watu wakaanguka kwa kicheko. Mwinjilisti akainua mkono, akauliza kama mnyama yule aliingia katika safina. Mume wangu alifikiri kidogo, akasema, "Mimi najua alipolala tu. Alipopanda sikumwona." Hata mwinjilisti alitabasamu. Kisha akaanza kutembea kama yule mjusi, ameinamisha mgongo, anavuta mguu mmoja baada ya mwingine, anageuza shingo taratibu, na wanawake walioketi na vikapu vyao wakashika midomo: "Maawe! Maawe!"

Nilikuwa nimesimama nyuma, mtoto mgongoni. Mtu yule aliyekuwa akicheza pale katikati sikumjua. Nyumbani kwangu aliishi mwanamume wa maneno machache: maji yako wapi, chumvi imepungua, watoto wamelala. Jioni alikaa mlangoni na kisu chake, anachonga kijiti, na nikimwuliza anawaza nini alisema, "Hakuna." Kumbe maneno alikuwa nayo. Alikuwa anawatunzia watu wa Rugu.

Njiani kurudi nikamwambia, "Mbona mimi hunisimulii?"

"Nikusimulie nini? Wewe unajua tayari."

"Nimejulia wapi?"

"Si ulikuwapo leo?"

"Nilikuwa nyuma. Sikusikia vizuri."

Alicheka, akidhani natania, akampokea mtoto.

Watu wakaanza kuniita mke wa mjusi. Hawakuwa na nia mbaya. Wanawake waliniambia nina bahati, nina mume anayejua kuchekesha, bila shaka nyumbani kwetu ni furaha kila siku. Niliitikia, ndiyo, ni furaha. Kisha nikifika nyumbani nililikodolea macho kopo lile, nikatamani nilitupe chooni. Sikulitupa. Nilijua angenisamehe, na msamaha wake ungeniuma zaidi.

Miaka ikaenda hivyo. Vita vya Wazungu vikaja, bati likatakiwa kweli kweli, hakukuwa na nafasi ya Jumapili. Vita vilipokwisha ndipo akaja yule mama wa Kizungu.

Alikuwa mtaalamu wa mifupa ya kale, wa kusomea. Alikuja kutazama changarawe za bonde la Mto Kagera, kwa sababu mtu mmoja wa machimbo alikuwa ameokota huko jino kubwa lililogeuka jiwe. Alitaka mtu anayejua kuchimba bila kuvunja. Wakamwonyesha mume wangu. Nasikia walisalimiana tu, na kabla chai haijapoa walikuwa wamekaa chini mbele ya ofisi wakichora mchangani, yeye na memsahibu, kama watoto.

Aliporudi nyumbani alikuwa mtu mwingine. Aliongea wakati wa kula. Alisema memsahibu huyo amewahi kuishika kwa mikono yake mifupa iliyotoka kilimani kwao, huko Ulaya, imesimamishwa juu ya vyuma ndani ya jumba. "Ameniambia ule mguu nilioutoa mimi umesimama," akasema. "Unafahamu? Umesimama." Macho yake yalikuwa na maji. Mimi nilikuwa mke wake miaka yote ile, na sikuwahi kuyaona macho hayo yakiwa na maji, hata mtoto wetu wa kwanza alipozaliwa.

Wakaondoka kwenda bondeni, upande wa Murongo, na wapagazi na mahema. Alisema hawatakaa sana. Wakakaa. Utingo wa lori alipita akaniletea chumvi na habari pamoja: wale wawili hawaachani, wanakula meza moja, memsahibu anavaa suruali. Wanawake wa nyumba za jirani walinisalimia kwa upole tu, na upole ule ndio ulionimaliza. Nikawapeleka watoto kwa mama, Kiruruma, nikafunga ile kanga nyekundu, nikapanda lori la machimbo mpaka lilipoishia, na kutoka hapo nikatembea na mwenyeji mmoja aliyekuwa anapeleka ndizi kambini.

Nilijua nitakachokiona. Nilikuwa nimeyapanga maneno yangu yote.

Niliwakuta wamelala chini, kifudifudi, ndani ya korongo, mabega yakigusana. Kila mmoja alikuwa na brashi ndogo. Mbele yao palikuwa na taya la mnyama, kubwa kama mtumbwi mdogo, nusu liko nje, nusu bado udongoni. Mume wangu alipuliza vumbi. Memsahibu akasema neno moja kwa Kizungu. Mume wangu akajibu, "Eee," kisha akasogeza mkono wake kidogo, na mwenzake akasogeza wake, bila kutazamana, kama watu wawili wanaosuka mkeka mmoja kutoka ncha mbili. Hakuna aliyenisikia nikija.

Ningewakuta kitandani ningejua la kufanya. Kwa lile nililoliona sikuwa na maneno. Nilisimama ukingoni mwa korongo mpaka mwenyeji wangu akasema kwa sauti, "Hodi huko chini!"

Mume wangu akainua kichwa. "Mke wangu! Kuna nini? Watoto wazima?"

"Wazima."

"Baba?"

"Mzima."

"Basi kuna nini?"

"Nimekuja kuona."

Akafurahi. Hilo ndilo lililonichoma, kwamba alifurahi kweli. Memsahibu alisimama, akajipangusa magoti. Hakuwa msichana wala hakuwa mzee, na sura yake wala haikunipa la kumsema. Akanisalimia kwa Kiswahili cha kusuasua, akanipa mkono wenye udongo. "Mume wako fundi sana," akasema. "Sana, sana." Nikamjibu ahsante. Nilisema ahsante kwa mwanamke yule kwa kunisifia mume wangu mwenyewe.

Mume wangu alinishusha korongoni, akanieleza. Lile halikuwa mjusi. Lilikuwa taya la tembo wa kale, wa jamii isiyokuwapo tena. Halafu akaniambia kwa sauti ya chini jambo ambalo memsahibu alikuwa amemweleza: Karagwe nzima hakuna mfupa wa mjusi hata mmoja. Mawe ya vilima vyetu ni ya kale mno, yamewatangulia wanyama wote. "Na mimi nimewaahidi watoto wa Rugu kwamba siku moja tutampata wa kwao," akasema. Alikuwa na huzuni ya mtu aliyefiwa. Nilitaka kumshika mkono. Lakini nikawaza: ameshamlilia huyu mama kwanza, mimi nimepata mabaki.

Nilikaa kambini. Hakuna aliyeniambia niondoke, na mimi sikutaka kuwaacha. Niliwapikia, ingawa walikuwa na mpishi, na mpishi akanichukia. Nilikaa ukingoni mchana kutwa nikiwaangalia.

Kisha mawingu yakajikusanya upande wa Rwanda. Taya lilikuwa limeshatoka lote, limelala juu ya udongo kama mgonjwa, na nyufa zilianza kuonekana. Ilibidi livishwe haraka kabla ya mvua. Plasta ilikuwapo, lakini magunia yalikuwa yamekwisha. Walichana mifuko ya unga, walichana turubai la hema moja, memsahibu akachana shuka zake. Palibaki sehemu ya nyuma, pale meno makubwa yalipoota, pako wazi kama kidonda. Mume wangu alisimama na mikono yake myeupe kwa plasta, akatazama huku na huku. Kisha akanitazama mimi. Hakunitazama usoni. Aliitazama kanga.

"Nipe hiyo," akasema.

"Hii?"

"Mvua inakuja, mke wangu."

"Unaijua hii ni ipi?"

Nadhani wakati ule hakuijua. Ilikuwa kitambaa kwake, chepesi, cha pamba, cha kufaa. Memsahibu alielewa kabla yake, akasema, "Hapana, hapana, mama, acha." Laiti asingesema! Angenyamaza ningekataa. Lakini sikuwa tayari kumwona yeye akiwa mwenye huruma na mimi mwenye choyo mbele ya mume wangu. Nikafungua fundo. Nilikuwa na gauni ndani, na ile ya pili nilikuwa nimejitanda kichwani, nikaishusha nikaifunga kiunoni. Ile ya kwanza nikamrushia. Aliichana vipande virefu, nikasikia kila mchano, akaichovya katika plasta, akaivisha mfupa, akiufunga kwa upole, akipita chini, akikaza, akilainisha kwa kiganja. Mimi hakuwahi kunifunga kanga namna ile.

Mvua ilipopiga, taya lilikuwa salama ndani ya hema. Sisi tulilowa.

Mfupa ulipelekwa Bukoba kwa lori, ukavuka ziwa, ukapanda treni, ukapanda meli. Kanga yangu imefika Ulaya, mimi sijafika. Niliporudi Kyerwa na nusu ya doti, wanawake waliniuliza ilikuwaje. Nikasema nimemkuta mume wangu anafanya kazi. Ilikuwa kweli, na hakuna aliyeiamini.

Jumapili iliyofuata mume wangu alikwenda Rugu, akawaambia watu waziwazi kwamba alikosea, kwamba mjusi wa Karagwe hayupo wala hatapatikana. Nilidhani watamzomea. Walimpenda zaidi. Yule mzee wa ebitoke alisimama akasema heri mtu anayeirudisha ahadi mikononi mwa watu kuliko anayekimbia nayo. Mwalimu akamwomba awaeleze basi mawe ya vilima vyao yana habari gani, akawaeleza mpaka jua likaelekea kuzama.

Baada ya mwaka hivi akaitwa Dar es Salaam. Memsahibu alikuwa amelitaja jina lake kwenye nyumba ya makumbusho, na pale palikuwa na mfupa wa paja kutoka kilimani kwao na mifupa mingine iliyohitaji kuungwa. Kazi yake ingekuwa kuitengeneza na kuwaeleza wageni na watoto wa shule. Alitaka twende sote. Lakini baba alikuwa ameanza kupooza, duka lilikuwa langu, watoto walikuwa shule. "Nenda," nikamwambia. Nilisema hivyo nikitumaini atakataa. Akaenda.

Nikarudi Omurushaka, nikakaa tena nyuma ya meza ya duka la baba. Alituma nguo, alituma salamu kwa madereva, na kila likizo alikuja. Nilisikia kutoka kwa wasafiri kwamba amekuwa mtu mashuhuri, kwamba madarasa mazima yanapanga foleni kumsikiliza, kwamba anatembea kama mjusi ukumbini na watoto wanamfuata nyuma kama vifaranga.

Halafu ikaja redio. Mwarabu wetu alinunua moja, ya betri, akaiweka barazani, na watu wakawa wanakusanyika. Jioni moja kijana wake alikuja mbio: "Mama, njoo, mumeo anaongea!" Niliacha duka wazi. Baraza ilikuwa imejaa. Na kweli sauti yake ilikuwa inatoka ndani ya kisanduku kile, ile sauti ya Rugu, yenye vituo na vicheko, inawasimulia watu wa nchi nzima. Mwanamke mmoja akashika kifua: "Maawe, ndiye huyo!" Watu wakanipisha nikae mbele. Alikuwa anasimulia habari za Kagera, taya la tembo, mawingu, magunia yaliyokwisha. Nilisogea.

"Tulikuwa hatuna kitu," sauti ikasema. "Tukatafuta nguo, tukafunga, mfupa ukapona."

Akaendelea na mengine. Watu wakapiga makofi. Mimi nilibaki nalo lile neno moja. Nguo.

Alipokuja likizo sikumpa hata nafasi ya kuvua viatu.

"Nguo gani?"

"Nguo gani ipi?"

"Uliyoisema kwenye redio. Tukatafuta nguo. Mlitafuta wapi? Ilikuwa imeanikwa kwenye miiba?"

Akakaa kitini. "Ulisikia?"

"Omurushaka nzima imesikia. Memsahibu umemtaja, wapagazi umewataja, mpishi umemtaja. Mimi sikuwapo?"

"Ulitaka niseme nini?"

"Useme ni kanga ya mke wako."

"Kwenye redio?"

"Kwenye redio."

Akasimama. Sikuwahi kumwona amekasirika namna ile, hata machimboni. "Ili wanaume wa Tanganyika nzima wakae barazani wawaze kanga ya mke wangu? Aliifungaje, aliifunguaje, alibaki na nini? Wapagazi waliokuwapo pale niliwatazama mmoja mmoja siku ile, na kuna wawili niliowarudisha Murongo kesho yake kwa sababu ya macho yao. Hukuona?"

Sikuona. Nilikuwa namwangalia memsahibu.

"Nguo," akasema tena, akikaa. "Nguo inatosha. Wao wajue ni nguo."

Niliketi kwenye gunia la maharage. Kwa miaka yote ile niliamini katika nyumba yetu mwenye wivu ni mmoja. Kumbe tulikuwa wawili, na yeye alikuwa ameuficha wake vizuri kama anavyofunga mifupa. Nilitaka kucheka, nikaona nikicheka ataumia, nikaenda kumletea maji ya kunywa. Usiku ule alinisimulia mwenyewe, bila kuombwa, jinsi alivyouona ule mfupa wa paja siku ya kwanza kilimani, akadhani ni gogo.

Alirudi nyumbani moja kwa moja miaka michache baadaye, kifua kikimsumbua kwa vumbi la miaka yote. Watu wa Rugu na Kiruruma hawakumwacha apumzike. Ila sasa sauti yake ilikuwa imefifia, na wanawake wengi wa vijijini hawakukijua Kiswahili vizuri. Wakaniomba nimfasirie. Basi yeye anasema kidogo, anakohoa, mimi nayageuza maneno yake kwa Kinyambo. Mwanzo niligeuza neno kwa neno. Baadaye nikaanza kuongeza. Nikawaambia yule mjusi mwenye miiba mkiani akigeuka ghafla ni kama mama mkwe mwenye mwiko jikoni. Wakapiga vigelegele. Mume wangu alikuwa hajui Kinyambo zaidi ya salamu, kwa maisha yote aliyoishi huku.

"Wamecheka nini?" akaniuliza.

"Ulichosema."

"Mimi nimesema urefu wa mkia tu."

"Basi wamependa urefu wa mkia."

Msimu wa senene uliofuata, wanawake wa Rugu walimtuma binti kuja kuniita. Waliniita mimi peke yangu. Walisema bwana apumzike, anaumwa, mama anatosha. Nilichukua kamba za migomba na vigingi, nikaenda, nikamlaza yule mnyama uwanjani kwa mikono yangu, nikawapanga wanawake juu yake na watoto wao mgongoni, na nikatembea. Nilitembea kama mjusi, mtu mzima mimi, na sikuona haya.

Niliporudi jua lilikuwa linashuka. Mume wangu alikuwa amekaa nje ya duka, amevaa kofia, fimbo mkononi, kama mtu aliyekuwa anataka kunifuata akaghairi.

"Walikuwa wengi?"

"Walijaa."

"Uliwaambia kwamba hali nyama?"

"Niliwaambia."

"Na shingo? Uliieleza vipi shingo?"

"Kwa Kinyambo."

"Najua kwa Kinyambo. Ulisemaje?"

Nilikuwa nimechoka, miguu ina vumbi mpaka magotini. Nikamwambia angoje nioge kwanza. Akasema sawa, akakaa. Lakini nilipoingia ndani kuteka maji, nikasikia fimbo yake ikigonga sakafu nyuma yangu, anakuja, anauliza tena habari za shingo.